Mzigo wa Kuthibitisha Ukenya

Februari 2025, akiwa ziarani Wajir, Rais William Ruto alitangaza kwamba vijana wa kaunti za mpakani hawatapigwa tena msasa wa ziada kabla ya kupewa vitambulisho vya taifa. Mjadala uliofuata umevutana kwa njia mbili, na naona pande zote mbili zimelikosa jambo lenyewe. Wanaoipinga hatua hiyo wanasema mpaka umeachwa wazi kwa wageni na magaidi, na kwamba kilichotafutwa ni kura za 2027. Wanaoiunga mkono wanashukuru na kushangilia, kama watu waliopewa zawadi. Upande mmoja unahesabu hatari, mwingine unahesabu fadhila, na kote wanakubaliana bila kujua kwamba Ukenya wa mtu wa Mandera au Garissa ni kitu ambacho serikali inaweza kukitoa au kukizuia inavyopenda. Hapo ndipo kosa lilipo. Kamati za msasa hazikuwa zikilinda utaifa wetu. Ndizo zilizokuwa zikiuamua, mwaka baada ya mwaka, kwa kuwagawa raia kuwa wale wanaoaminiwa mpaka ithibitishwe vinginevyo na wale wanaoshukiwa mpaka wajitetee. Utambulisho wa kitaifa hujengwa zaidi mahali pa namna hiyo, mbele ya meza ya msajili, kuliko kwenye nyimbo na gwaride za sikukuu.

Tutazame kazi yenyewe inavyofanyika. Kijana wa Nyeri au Kisii akitimiza miaka 18 huenda kwa afisa wa usajili akiwa na cheti cha kuzaliwa, nakala za vitambulisho vya wazazi na pengine barua ya chifu. Anachukuliwa alama za vidole, anapigwa picha, anapewa karatasi ya kusubiri, anarudi nyumbani. Hivyo ndivyo nilivyopata changu, na hakuna aliyeniuliza babu wa babu yangu alitoka wapi. Mwenzake wa Wajir, mwenye hati zilezile, alikuwa na hatua nyingine katikati. Alisubiri siku ambayo kamati itaketi, na kamati haikuketi kila siku. Ilipoketi, alisimama mbele ya wazee wa koo, chifu na maafisa wa serikali, wakiwemo wa usalama, akaulizwa ukoo wake na tawi lake, majina ya babu zake, ndugu zake ni akina nani na vitambulisho vyao viko wapi. Mzee mmoja akisita kumtambua, au hati ya nyanya ikiwa imepotea, faili inawekwa kando. Anaambiwa arudi kikao kijacho. Wanubi wa Kibra wanaijua safari hiyo, na baadhi ya Waislamu wa Pwani pia.

Bila kitambulisho Kenya ya leo haikuruhusu kuwa mtu mzima. Huwezi kusajili laini ya simu kwa jina lako, kwa hiyo huwezi kutuma wala kupokea pesa kwa simu. Huwezi kufungua akaunti ya benki, kuomba kazi serikalini wala kupiga kura. Hata kusafiri ndani ya nchi yako ni shida, kwa sababu barabara ya kutoka Garissa kuja Nairobi ina vizuizi vya polisi, na kwenye kila kizuizi abiria huambiwa watoe vitambulisho. Kijana aliyecheleweshwa miaka miwili hupoteza miaka miwili ya kuanza maisha. Anafunzwa pia somo ambalo mwenzake wa Kisii hafunzwi: kwamba kwa nchi hii yeye bado ni ombi linalochunguzwa.

Chombo hiki cha kuwatenga watu kwa karatasi kina historia ndefu hapa kwetu. Sheria ya kuwasajili Waafrika ilitungwa 1915 na kuanza kutekelezwa baada ya Vita vya Kwanza vya Dunia. Mwanamume Mwafrika wa zaidi ya miaka 16 alitakiwa kubeba kipande, karatasi yenye alama za vidole na rekodi ya ajira yake, ndani ya kijaluba cha chuma kilichoning'inia shingoni. Lengo lilikuwa kumfunga kibarua kwa mwajiri wake na kumkamata akitoroka. Mzungu hakubeba kipande. Miaka ya mwisho ya 1940 usajili ukapanuliwa kwa watu wa rangi zote, lakini wanawake walisubiri hadi mwishoni mwa miaka ya 1970. Ninalolitaka kwenye historia hiyo ni hili moja: kitambulisho chetu kilianza kama chombo cha kumfuatilia mtu anayeshukiwa, na tulipopata uhuru tukakirithi pamoja na tabia hiyo. Tulichobadilisha ni orodha ya wanaoshukiwa.

Mjadala wa leo unasahau pia kwamba nchi yenyewe ni changa kuliko koo zinazoulizwa maswali. Kisumu na Nakuru zilikuwa ndani ya Uganda kwenye ramani ya Waingereza hadi 1902, mkoa wa mashariki wa himaya ile ulipohamishiwa upande huu. Turkana nayo ilihamishwa kutoka Uganda 1926. Ukanda wa pwani wa maili kumi ulikuwa chini ya Sultani wa Zanzibar kisheria, na ulikuja kuwa Kenya moja kwa moja kwa makubaliano ya Oktoba 1963, miezi miwili kabla ya uhuru. Upande wa pili, Kismayu ilikuwa sehemu ya koloni la Kenya hadi 1925, Uingereza ilipoipa Italia Jubaland, eneo lenye mji huo, kama malipo ya kuingia Vita vya Kwanza vya Dunia upande wake. Sasa chukua swali la kamati, "Babu yako alizaliwa wapi?", ulipeleke kwa mtu ambaye babu yake alizaliwa Kismayu 1920. Babu huyo alizaliwa ndani ya mipaka ya Kenya. Babu wa Mluo aliyezaliwa Kisumu 1900 alizaliwa ndani ya mipaka ya Uganda. Hakuna kamati iliyowahi kumsumbua mjukuu wa Kisumu kwa jambo hilo, na ni haki asisumbuliwe. Lakini basi tukubali kwamba swali la babu halikuwa likitafuta ukweli wa kihistoria. Lilikuwa swali la kabila lililovalishwa nguo za historia.

Dhana hii ya kushuku haikuanza hewani, na sitaki kuipuuza. Mwaka 1962 tume iliyotumwa na Uingereza katika eneo lililoitwa Wilaya ya Mpaka wa Kaskazini ilikuta wakazi wengi, hasa Wasomali, wakitaka kujiunga na Somalia. Uingereza haikuwapa. Vita vya Shifta vikaanza 1963 na kuendelea hadi makubaliano ya Arusha ya 1967. Serikali mpya ilikuwa na sababu ya kuogopa. Lakini hali ya hatari iliyotangazwa kule Desemba 1963 haikuondolewa vita vilipokwisha. Iliendelea hadi 1991. Mtoto aliyezaliwa Garissa mwezi ule wa uhuru alifika miaka 27 hajawahi kuishi chini ya sheria za kawaida za nchi yake. Ndani ya kipindi hicho yalitokea mauaji ya Wagalla, Februari 1984, wanaume wa Degodia, mmoja wa koo za Kisomali, walipokusanywa kwenye uwanja wa ndege karibu na mji wa Wajir na kuzuiwa hapo juani siku kadhaa. Serikali ilikiri vifo 57. Tume ya Ukweli, Haki na Maridhiano ilikuja kuona kwamba waliokufa walikuwa wengi zaidi, pengine karibu elfu moja.

Kuna kisa kimoja cha enzi zile ambacho kinapaswa kufundishwa shuleni. Agosti 1, 1982, wanajeshi wa anga walipojaribu kumpindua Rais Daniel arap Moi, aliyeongoza kikosi kilichoikomboa redio ya taifa alikuwa Mahmoud Mohamed, Mkenya wa Kisomali. Mwaka 1986 akafanywa Mkuu wa Majeshi, cheo alichokishikilia miaka kumi. Akiwa kwenye cheo hicho, Novemba 1989, serikali aliyoiokoa ilitangaza kwamba Wakenya wote wa asili ya Kisomali waliotimiza miaka 18 wajitokeze wachunguzwe, hata kama wana vitambulisho. Waliopita walipewa kadi ya ziada ya rangi ya waridi. Wapo walioshindwa kuridhisha wachunguzi wakavushwa mpaka kupelekwa Somalia. Jeshi zima la Kenya lilikuwa likipokea amri kutoka kwa mtu wa jamii ambayo raia wake wa kawaida walikuwa wakipanga foleni kuthibitisha kwamba wao si wageni. Nikiulizwa utaifa ni nini, huanzia hapo, kwa sababu kisa hiki kinaonyesha kwamba uaminifu mkubwa kuliko wote haukutosha kulihamisha kabila kutoka orodha moja kwenda nyingine.

Hoja nzito zaidi ya wanaopinga uamuzi wa 2025 ni ya usalama, na inastahili kujibiwa kwa heshima. Mpaka wetu na Somalia ni mrefu, al-Shabaab wapo, na familia zilizopoteza wapendwa wao 148 katika Chuo Kikuu cha Garissa Aprili 2015 hazihitaji kuhubiriwa kuhusu haki za mtu mwingine yeyote. Ila tuangalie waliofanya unyama huo walikuwa nani. Mmoja wa washambuliaji wa Garissa alikuwa Mkenya, mhitimu wa sheria wa Chuo Kikuu cha Nairobi, mtoto wa chifu wa Mandera. Aliyeongoza shambulio la hoteli ya DusitD2 Nairobi, Januari 2019, alikuwa Mkenya pia, mtoto wa mwanajeshi wetu. Msasa wa ukoo usingemkamata hata mmoja wao, kwa sababu wangejibu maswali yote kwa usahihi. Kinachomkamata mtu wa aina hiyo ni taarifa kutoka kwa majirani, walimu na wazazi wanaoiamini serikali kiasi cha kuipigia simu. Na ni vigumu kuitegemea simu hiyo kutoka kwa mzazi ambaye mwanawe amezungushwa miaka mitatu bila kitambulisho.

Hoja ya pili ni ya rushwa: kwamba vitambulisho vyetu huuzwa, na bila kamati vitauzwa zaidi. Nakubali sehemu ya kwanza. Sehemu ya pili naiona imegeuza mambo. Kila sahihi inayoongezwa kwenye njia ya hati ni mtu mwingine anayeweza kulipwa. Mgeni mwenye fedha hununua sahihi tano kama anavyonunua moja. Anayeshindwa ni mtoto wa mfugaji ambaye hana cha kuuza isipokuwa mbuzi, na ambaye kijiji kizima kinamjua ni Mkenya. Msasa uliwazuia maskini wenye haki na kuwapitisha matajiri wasio nayo, kisha matokeo hayo yakatumiwa kama ushahidi kwamba unahitajika msasa mkali zaidi.

Mfano mchungu kuliko yote ni wa wale walioandikishwa mara mbili. Somalia iliposambaratika 1991 na kambi za Dadaab kufunguliwa, kaskazini yetu ilikuwa na ukame na njaa. Familia za Wakenya zilizokuwa zikiona lori za chakula zikielekea kambini zilienda kujiandikisha humo kama wakimbizi, na watoto wao wakachukuliwa alama za vidole. Miaka ikapita. Watoto hao walipoomba vitambulisho, mashine ilisema alama zao ni za wakimbizi, na makumi ya maelfu ya vijana wakakwama, wengine wakiwa na wazazi wote wawili wenye vitambulisho halali. Hapakuwa na shaka ya kweli kuhusu walikozaliwa. Kulikuwa na taifa lililoshindwa kuwalisha, likawahesabu wa kwingine kwa sababu walikula kwingine.

Hoja ya tatu ni ya kura na hesabu, na hapa wapinzani wana msingi kuliko wanavyopewa. Matokeo ya sensa ya 2009 yalikataliwa na serikali katika wilaya nane za kaskazini kwa sababu ongezeko lilikuwa haliaminiki. Idadi ya watu huleta maeneo bunge na mgao wa fedha za kaunti, kwa hiyo kuna motisha ya kuikuza. Lakini wilaya tatu kati ya zile nane zilikuwa za Turkana, jambo linaloonyesha kwamba tatizo la hesabu halina kabila moja. Dawa yake ni kuhesabu vizuri: kusajili vizazi na vifo, na kukagua makarani. Kumnyima kijana wa Wajir kitambulisho hakumrekebishi karani aliyeongeza majina hewa. Kuhusu nia ya Rais, sioni haja ya kumtetea. Wanasiasa hutafuta kura popote zilipo, na haki iliyotolewa kwa sababu ya kura inabaki kuwa haki. Swali la maana ni kwa nini ilihitaji mwanasiasa atake kura ndipo itolewe.

Hoja dhaifu kuliko zote ndiyo inayosemwa kwa sauti kubwa mitandaoni: kwamba Wasomali walishachagua upande 1962, na kwamba moyo wa mtu hufuata damu. Waliohojiwa na tume ile leo ni vikongwe au wako makaburini. Anayeomba kitambulisho amezaliwa karne hii. Tukisema mjukuu amefungwa na chaguo la babu, tutalazimika kuwauliza pia wajukuu wa Wapwani waliotaka Mwambao ujitawale, na ukweli ni kwamba wakati ule karibu kila eneo lilikuwa na hofu yake kuhusu Kenya itakayokuwa. Kuhusu damu, nitataja basi moja tu. Desemba 2015, basi lililokuwa likielekea Mandera lilisimamishwa na al-Shabaab karibu na El Wak, abiria wakaamriwa wajitenge, Waislamu huku, Wakristo kule. Mwaka mmoja nyuma katika kaunti hiyohiyo amri kama ile ilikuwa imemaliza maisha ya watu 28. Safari hii Waislamu walikataa. Wanawake waliwapa wenzao Wakristo hijabu wajifunike, na abiria wakawaambia wenye bunduki wawaue wote au wawaache wote. Mwalimu Salah Farah alipigwa risasi na kufariki mwezi uliofuata hospitalini Nairobi. Abiria wale hawakuwa na wakati wa kuulizana ukoo. Waliamua wenyewe nani ni mwenzao, chini ya mtutu, na ninaamini uamuzi wa namna hiyo ndio kitu cha karibu zaidi na taifa ambacho binadamu wanaweza kukitengeneza.

Hata pale Kenya ilipotenda haki, ilitenda kwa njia inayonipa wasiwasi. Wamakonde, walioletwa kutoka Msumbiji enzi za ukoloni kufanya kazi kwenye mashamba ya mkonge, waliishi Kwale miongo mingi bila uraia hadi walipoandamana kwa miguu kuelekea Nairobi Oktoba 2016. Wakatambuliwa, na kutangazwa kabila la 43. Wakenya wa asili ya Kihindi wakafanywa kabila la 44 mwaka 2017. Washona, waliokuja wakiwa wahubiri na familia zao miaka ya 1960, wakafuata, na Wapemba, wavuvi wa pwani yetu kwa vizazi, wakatambuliwa rasmi 2023. Nilifurahi kila mara. Lakini tazama mlango wenyewe ulivyo: ili uwe raia, lazima kwanza uwe kabila, na kabila lako lipewe namba. Mtu mmoja mmoja hana pa kuingilia. Aliyezaliwa na wazazi wa makabila mawili, mmoja kati yao asiye na hati, anasubiri orodha ambayo haitamtaja kamwe. Uganda imelipeleka jambo hili hadi kwenye katiba, ambayo ina jedwali la jamii za asili zilizokuwamo ndani ya mipaka yake Februari 1, 1926, na uraia wa kuzaliwa unategemea kwa sehemu kubwa kuwa na mzazi au babu wa jamii iliyomo humo. Katiba yetu ya 2010 haikufanya hivyo. Inasema mtu ni raia wa kuzaliwa ikiwa baba au mama yake ni raia, na hata mtoto wa chini ya miaka minane anayeokotwa nchini bila wazazi wanaojulikana huchukuliwa kuwa Mkenya. Katiba inamwamini mtoto aliyeokotwa. Kamati hazikumwamini kijana mwenye mama, baba na cheti.

Wanaodhani kwamba kuchimba asili za watu kunaimarisha taifa wasome yaliyompata Kenneth Kaunda. Alizaliwa Chinsali, kaskazini mwa Zambia, 1924, baba yake akiwa mmisionari aliyetoka Nyasaland, Malawi ya leo. Aliongoza harakati za uhuru, akawa rais kwa miaka 27, na ndiye aliyewasuluhisha Kenya na Somalia Arusha 1967. Zambia ilibadili katiba 1996 kudai kwamba mgombea urais awe na wazazi wote wawili Wazambia, na mwaka 1999 mahakama ya Ndola ikamtangaza Kaunda kuwa mtu asiye na uraia wa nchi yoyote. Alirudishiwa uraia wake mwaka uliofuata. Kipimo kinachoweza kumkuta baba wa taifa kuwa mgeni katika taifa alilolianzisha kina kasoro ndani yake, na kasoro hiyo haiishii kwa watu mashuhuri. Nchini Côte d'Ivoire siasa za nani ni mwenyeji halisi, zilizokolezwa miaka ya 1990 ili kumzuia mwanasiasa Alassane Ouattara kugombea urais, ziliwafikia wakulima wa kaskazini ambao polisi waliwachania vitambulisho vizuizini. Septemba 2002 vita vikazuka. Makubaliano ya Ouagadougou ya 2007 yalipokuja kuvimaliza, moja ya nguzo zake ilikuwa kuwapa watu hati za utambulisho. Walipigana miaka mitano wakarudi kwenye meza ya msajili.

Tanzania hutajwa sana kama kinyume cha haya, na kwa kiasi ni kweli. Oktoba 1961, kabla hata ya uhuru, baadhi ya wabunge walitaka uraia ufuate rangi, na Julius Nyerere alipinga kwa ukali, akawa tayari serikali yake ijiuzulu kuliko kukubali. Baada ya sensa ya 1967 Watanzania hawakuulizwa tena kabila wanapohesabiwa. Baadaye nchi hiyo iliwapa uraia zaidi ya wakimbizi 160,000 waliotoka Burundi 1972 pamoja na watoto wao. Lakini hata huko, 2001, mwandishi wa habari Jenerali Ulimwengu, aliyekuwa ameshakuwa mbunge na mkuu wa wilaya, aliambiwa na serikali kwamba si raia, wakati kalamu yake ilikuwa ikiikosoa. Kwa hiyo sisemi kuna taifa lililoponywa. Ninachokiona katika mifano hii yote ni kwamba uwezo wa kumtaka raia ajithibitishe upya, ukiachwa mikononi mwa maafisa bila mipaka ya sheria, utatumika. Utaanza na jamii ya mpakani na kufika kwa mhariri wa gazeti.

Watu wa kaskazini wana mazoea ambayo wageni kutoka Nairobi huyashangaa. Msafiri akishuka kwenye basi Moyale au Mandera huulizwa, "Kenya hali gani?" Huwa inachukuliwa kama ushahidi kwamba watu hao hawajioni Wakenya. Mimi naisikia kama taarifa sahihi kuhusu mwenendo wa dola. Mtu hujiona wa mahali kwa kuona mahali hapo pakimtegemea na kumtegemeza: barabara, shule, mahakama inayomsikiliza, askari anayemsalimu kabla ya kumwomba karatasi. Kilometa nyingi za lami zilikuja juzi tu, pamoja na kaunti, baada ya 2013. Mwamko wa kisiasa uliofuata umefanya vijana wa Garissa waizungumzie Nairobi kama mji wao mkuu, waudai na kuugombania. Kudai ni alama nzuri. Mtu hadai kitu ambacho anaamini si chake.

Ndiyo maana makofi ya Wajir hayanipi utulivu. Tamko la rais, hata likiwa la haki, linabaki kuwa tamko, na limeshazua mvutano wa kisiasa na wa kisheria. Sheria ya Usajili wa Watu, ambayo mizizi yake ni ya 1947, inampa msajili uwezo mpana wa kudai ushahidi zaidi kutoka kwa yeyote, na ni chini ya mwavuli wa uwezo huo kwamba kamati zilistawi. Bunge linapaswa kuufupisha: msajili aseme kwa maandishi anamshuku mtu huyu kwa jambo gani, awe na siku zilizohesabiwa za kuchunguza, na siku zikiisha bila ushahidi hati itolewe. Mzigo wa kuthibitisha uwe wa serikali, na ulingane Wajir na Nyeri. Usajili wa vizazi ufuate wafugaji waliko, pamoja na chanjo na kliniki zinazohamahama, ili mtoto afike miaka 18 akiwa na cheti badala ya mashahidi. Walionaswa kwenye orodha za wakimbizi waondolewe wote kwa utaratibu mmoja unaojulikana. Hakuna kati ya haya kinachomzuia polisi kumfuatilia mshukiwa mwenye jina na sura. Bila mabadiliko hayo, rais yeyote baada ya 2027, akishinikizwa na shambulio moja au kampeni moja ya chuki, anaweza kuzirudisha kamati kwa waraka wa ukurasa mmoja, na kijana ambaye leo ana miaka 16 atasimama mbele ya wazee walewale.